Mike Webster na Ukuta wa Watu Watano

Tarehe 26 Julai 1997, mjini Canton, jimbo la Ohio, mwanamume mmoja mwenye shingo nene na mabega ya mchukuzi wa bandarini alipanda jukwaani kuingizwa katika jumba la heshima la futiboli ya Kimarekani. Jina lake Mike Webster. Aliyemtambulisha kwa umati alikuwa Terry Bradshaw, kotabeki wake wa zamani, naye akaomba jambo moja tu: warudie kile walichokifanya pamoja maelfu ya mara. Webster akainama, akaushika mpira, akaupitisha katikati ya miguu yake hadi mikononi mwa rafiki yake. Watu wakacheka, wakashangilia. Kisha Webster akachukua kipaza sauti na kuzungumza kwa zaidi ya dakika 20, akianza jambo na kuliacha njiani, akidandia jingine, akirudi nyuma, akipotea tena.

Wengi waliompigia makofi siku ile hawakujua kwamba shujaa wao hakuwa na makazi ya kudumu. Miaka 5 baadaye alikuwa maiti, na ubongo wake ukawa ushahidi ulioilazimisha ligi tajiri kuliko zote za michezo duniani, NFL, kujibu maswali ambayo haikutaka kuulizwa. Naandika habari zake sasa kwa sababu ligi hiyo imeshafika kwetu. Mwaka 2023 iliweka kambi Nairobi kusaka vipaji, na miongoni mwa wanaosakwa Afrika ni vijana warefu, wazito na wenye kasi, yaani watu wa kufanya kazi ile ile ya Webster. Mzazi anayeona mwanawe akipimwa urefu na uzito mbele ya kamera ana haki ya kujua kazi yenyewe ni ipi.

Futiboli ya Kimarekani huchezwa na watu 11 kila upande. Timu yenye mpira hupewa majaribio manne ya kusonga mbele yadi 10, kama mita 9 hivi. Kamera humfuata kotabeki anayerusha pasi, na wale wakimbiaji wanaodaka. Lakini mbele ya kotabeki wamepangwa wanaume watano, bega kwa bega: senta katikati, walinzi wawili ubavuni mwake, na wengine wawili pembeni. Hiyo ndiyo safu. Kanuni haziwaruhusu kudaka pasi ya mbele hata ikiwaangukia kifuani, isipokuwa mmoja wao awe amejitambulisha kwa mwamuzi kabla. Hata jezi zao zimetengwa, namba 50 hadi 79, ili waamuzi wawatambue kwa mbali. Kazi yao ni kuyazuia majitu ya upande wa pili yasimfikie kotabeki, au kuyasukuma kando ili mwenye mpira apate pa kupita. Wakiifanya vizuri, hakuna anayewataja. Namba ya mtu wa safu hutangazwa uwanja mzima pale tu anapofanya kosa.

Usione vyaelea, vimeundwa. Kila pasi ndefu inayosisimua, kila kotabeki anayesimama ametulia kama mtu aliye sebuleni kwake, nyuma yake kuna watu watano waliopigana kumnunulia sekunde tatu.

Na kati ya watano hao, senta, nafasi aliyoicheza Webster, ndiye mwenye mtihani mkubwa zaidi. Huanza akiwa ameinama, mkono mmoja juu ya mpira. Mbele yake, umbali usiofika urefu wa mkono, amechuchumaa mtu mwenye kilo zaidi ya 120 anayesubiri mpira utikisike tu ili amrukie. Senta lazima kwanza aurudishe mpira salama, kisha ainuke na kupambana, na yote hayo hufanyika ndani ya muda wa kupepesa jicho. Mara nyingi kinachofika mwanzo kwa adui ni kichwa chake.

Enzi za Webster mambo yalikuwa magumu kuliko leo. Hadi mabadiliko ya kanuni ya mwaka 1978, mtu wa safu hakuruhusiwa kunyoosha mikono na kufungua viganja anapomlinda kotabeki. Aliibana mikono kifuani, akagonga kwa bega na paji la uso. Na hadi 1977 yule anayemkabili aliruhusiwa kumzaba makofi ya kichwa, kwa mkono uliofungwa bendeji na plasta, juu ya helmeti, mara mbili, mara tatu, ili apoteze mwelekeo. Mbinu hiyo ilifundishwa mazoezini na kusifiwa kama ufundi.

Hesabu ndiyo inayonitisha zaidi. Joe Thomas, mlinzi wa pembeni wa Cleveland Browns aliyeanza mwaka 2007, alicheza mikupuo 10,363 mfululizo, yaani mara ambazo senta huurudisha mpira na mchezo kuanza, bila kukosa hata mmoja, mpaka alipoumia mkono mwaka 2017. Webster alicheza michezo 245 ya msimu. Tukikadiria mikupuo 60 tu kwa kila mchezo, tunapata migongano 14,700, kabla hatujahesabu mechi za mtoano, mechi za kujipima nguvu, na siku zote za mazoezi ambako wenzake mwenyewe walimgonga ana kwa ana. Kukicha, anarudi tena.

Alizaliwa mwaka 1952 huko Tomahawk, kaskazini mwa jimbo la Wisconsin, akakulia shambani kwa wazazi waliolima viazi. Alicheza katika chuo kikuu cha jimbo lake, na mwaka 1974 Pittsburgh Steelers wakamchagua katika raundi ya tano, wakati wengi walimwona kuwa mdogo mno kwa nafasi yake. Alijijenga kwa vyuma na kwa ukaidi. Kwenye baridi ya Pittsburgh, huku wenzake wakijifunika, yeye alicheza na mikono mitupu, mikono ya jezi ameikunja hadi juu ya misuli. Alitwaa Super Bowl, fainali ya ligi, mara nne ndani ya misimu sita. Alicheza michezo 177 mfululizo mpaka kiwiko kilipoteguka mwaka 1986. Mashabiki walimwita Iron Mike, Mike wa Chuma, na timu haijampa mtu mwingine jezi namba 52 tangu alipoivua. Baada ya misimu 15 Pittsburgh alicheza miwili Kansas City, akastaafu mwaka 1991.

Ni hapo ndipo ukuta ulipoanza kubomoka, ingawa nyufa zilikuwamo zamani.

Fedha zilimponyoka katika biashara zisizoeleweka. Ndoa ikavunjika. Mtu aliyekuwa nahodha wa mashambulizi wa timu kwa miaka 9, aliyesoma mpangilio wa adui kwa mtazamo mmoja na kuwaelekeza wenzake kabla ya mpira kuanza, sasa alisahau njia ya kurudi nyumbani. Alilala ndani ya pikapu yake, na usiku mwingine kwenye kituo cha treni cha Pittsburgh, mji ule ule ambao sura yake ilitundikwa kwenye mabaa. Meno yalipong'oka aliyabandika kwa gundi. Maumivu yalimnyima usingizi, akawa anajipiga shoti ya umeme kwa kifaa cha polisi ili azimie na kupumzika. Aliandika barua, kurasa kwa kurasa, zenye sentensi zisizofika mwisho. Mwaka 1999 alikamatwa kwa kughushi vyeti vya kununulia dawa ya kumsaidia kuwa makini. Wapo waliomwona mlevi. Wengine walimwona mstaafu aliyeshindwa kutunza fedha, hadithi ya kawaida, na wakapita.

Nasisitiza jambo hili kwa sababu nimeliona hata kwetu, kwa mabondia na wachezaji wa zamani. Mtu akivunjika mguu tunampa kigoda. Akivunjika akili tunampa lawama.

Wakili mmoja wa Wheeling, West Virginia, Bob Fitzsimmons, alikataa kupita. Aliichukua kesi, akamfikisha Webster kwa madaktari wanne, na ripoti zao zikafikishwa katika bodi ya mafao ya wachezaji wastaafu wa ligi. Mwaka 1999 bodi ilikubali kwamba Webster ni mlemavu kabisa na kwamba ulemavu huo umetokana na majeraha ya kichwa aliyoyapata akicheza. Soma tena mwaka huo: 1999. Katika barua zilizokaa kwenye makabati, taasisi ya wachezaji na wamiliki ilikwisha kukiri kwamba mchezo unaweza kuharibu ubongo. Hadharani, kamati ya kitabibu ya ligi iliendelea kwa muongo mzima kusema hakuna ushahidi.

Hata katika kukiri kwenyewe walimpunja. Mafao yalikuwa ya madaraja, na lile la juu lilitolewa kwa aliyelemaa akiwa bado anacheza au punde baada ya kustaafu. Bodi ikasema ulemavu wa Webster ulikamilika mwaka 1996, si 1991, na kwa tofauti hiyo ya miaka ikamnyima sehemu kubwa ya haki yake. Kesi ilimzidi umri. Mahakama ya rufani ya shirikisho ilitoa hukumu ya mwisho kwa faida ya familia Desemba 2006, zaidi ya dola milioni 1, wakati mwenye haki alikuwa na miaka minne kaburini.

Webster alifariki Pittsburgh tarehe 24 Septemba 2002, kwa maradhi ya moyo, akiwa na umri wa miaka 50.

Maiti ilipelekwa kwa mchunguzi wa vifo wa wilaya ya Allegheny. Aliyekuwa zamu alikuwa daktari kijana kutoka Nigeria, Bennet Omalu, aliyezaliwa mwaka 1968 katika jimbo ambalo leo ni Anambra, wakati vita vya Biafra vinaendelea. Hakuwa mfuatiliaji wa futiboli na hakumjua Webster. Aliona habari za televisheni zikimzungumzia marehemu kwa masikitiko na aibu, naye akajiuliza: mtu mwenye nidhamu ya namna ile anaharibikaje hivi? Alipofungua fuvu alitarajia kukuta ubongo uliosinyaa. Akakuta ubongo unaoonekana mzima. Daktari mwingine angefunga faili, kwa kuwa sababu ya kifo ilikwisha kujulikana. Omalu aliomba ubongo uhifadhiwe, akagharimia vipimo vya ziada kutoka mfukoni mwake, akakata vipande vyembamba na kuviweka chini ya hadubini.

Ili kuelewa alichokiona, chukua nazi iliyokomaa, uiweke sikioni, uitikise. Maji yanapiga kuta, ingawa kifuu hakina hata ufa. Helmeti hulinda fuvu lisipasuke. Haiwezi kuuzuia ubongo, unaoelea ndani ya ute wake, usijigonge na kujinyonga kila kichwa kinaposimamishwa ghafla. Ndani ya seli za ubongo kuna protini iitwayo tau, inayoshikilia mirija myembamba kama kamba zinavyoshikilia chaga za kitanda. Mitikisiko ikirudiwa miaka mingi, tau hubanduka, hujisokota mafundo, na seli hufa moja moja. Mafundo hayo ndiyo aliyoyaona Omalu, mengi na mahali pasipo pake, kwa mtu wa miaka 50. Mabondia walijulikana kupata hali kama hiyo tangu miaka ya 1920, wakaitwa waliolewa ngumi. Hakuna aliyekuwa ameithibitisha kwa mchezaji wa futiboli ya Kimarekani. Omalu na wenzake wakaandika matokeo katika jarida la Neurosurgery mwaka 2005, na ugonjwa huo leo unajulikana kwa herufi tatu, CTE.

Alidhani ligi ingemshukuru. Ikamjibu kwa barua ya madaktari watatu wa kamati yake wakitaka makala ifutwe. Kamati hiyo iliundwa mwaka 1994 kuchunguza mitikisiko ya ubongo, na aliyeiongoza kwa zaidi ya miaka 10 alikuwa daktari bingwa wa maradhi ya viungo. Jarida halikufuta kitu. Kisha akafa Terry Long, mlinzi wa safu ile ile ya Steelers, aliyejitoa uhai mwaka 2005 akiwa na miaka 45. Omalu akauchunguza ubongo wake, akakuta mafundo yale yale. Justin Strzelczyk, mlinzi wa pembeni wa Steelers, alikuwa amekufa mwaka 2004 akiwa na miaka 36, akiendesha gari kwa kasi kinyume cha njia huku polisi wakimfukuza. Ubongo wake nao ulikuwa na CTE. Watu watatu, timu moja, safu moja.

Mficha maradhi kifo humuumbua. Methali hii sijawahi kuiona ikitimia kwa uhalisia kuliko hapa. Ligi ilificha, na kila msiba ulifichua. Mwaka 2009 msemaji wake alikubali kwamba mitikisiko inaweza kuleta madhara ya muda mrefu. Mwaka 2016 makamu wa rais wa ligi anayeshughulikia afya aliulizwa na wabunge mjini Washington kama kuna uhusiano kati ya futiboli na CTE, akajibu kwamba upo. Miaka 17 ilikuwa imepita tangu bodi ya mafao ikubali hivyo hivyo kuhusu mtu mmoja.

Katikati ya tarehe hizo maelfu ya wastaafu walishitaki. Makubaliano ya kwanza ya mwaka 2013 yalikuwa ya dola milioni 765. Jaji akaona fedha huenda zisitoshe, kikomo kikaondolewa, na mpango ukaidhinishwa Aprili 2015. Umekwisha kulipa zaidi ya dola bilioni 1. Lakini tazama jinsi ulivyopimwa. Mstaafu anayedai kupoteza uwezo wa akili alifanyiwa mtihani, na alama zake zilirekebishwa kwa rangi yake, kwa dhana kwamba mtu Mweusi alianza na akili ndogo kuliko Mzungu. Hivyo, Mweusi na Mzungu waliopata alama zile zile, Mzungu aliweza kulipwa na Mweusi akaambiwa hajapoteza kitu. Waliolifichua mahakamani mwaka 2020 ni Weusi wawili waliowahi kuichezea Steelers, Najeh Davenport na Kevin Henry, na Henry alicheza kwenye safu ya ulinzi. Mwaka 2021 ligi iliahidi kuachana na kigezo hicho. Ulikuwa ni udhalimu, na hauna jina jingine. Ulifanywa kwa fomula, na watu wenye shahada, ndani ya karne hii.

Sitaki kumtisha msomaji kwa nusu ya ukweli. Wapo wengi waliocheza safu miaka mingi na bado wana akili timamu, wanafundisha, wanafanya biashara, wanalea wajukuu. Joe Thomas alistaafu, akapunguza kilo zaidi ya 20 alizokuwa akizilazimisha kwa chakula, na leo hungemtambua. Uchunguzi wa serikali ya Marekani uliochapishwa mwaka 2012, wa wachezaji 3,439 waliocheza angalau misimu mitano, ulionyesha kwamba kwa jumla walikufa kwa kiwango cha chini kuliko wanaume wa kawaida wa rika lao. Ila katika maradhi ya kuharibika ubongo walikufa mara tatu zaidi. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Boston walipotangaza mwaka 2017 kwamba wamekuta CTE katika bongo 110 kati ya 111 za wachezaji wa NFL, wao wenyewe walionya kwamba familia nyingi zilitoa bongo hizo kwa sababu ziliona dalili. Namba hiyo haimaanishi kwamba karibu kila mchezaji ni mgonjwa. Lakini 110 ni wengi mno kwa ugonjwa ambao kamati ya ligi ilisema haupo.

Pia mchezo umebadilika, na ni haki kusema hivyo. Tangu 2011 mkataba wa wachezaji umepunguza sana mazoezi ya kugongana katika msimu. Mwaka 2022 ligi iliamuru helmeti zivalishwe kifuniko laini kambini, na waliolazimishwa kwanza ni watu wa safu zote mbili na wale wanaocheza karibu nazo. Amri hiyo inaeleza mengi. Ligi inajua vichwa vinakogongana zaidi.

Tatizo ni kwamba kugongana kwa safu hakuonekani. Kotabeki akiangushwa akapoteza fahamu, mchezo unasimama, madaktari wanakimbia, dunia inaona. Mtu wa safu hagongwi pigo moja la kuzimia. Hugongwa mapigo madogo 60 mchana mmoja, ananyanyuka, anarudi kwenye mstari. Hakuna marudio ya polepole yanayoonyesha. Hata yeye mwenyewe haoni ajabu, maana kazi yake ni hiyo. Wanaosema tatizo limekwisha kwa kuwa sasa kuna madaktari wa mitikisiko pembeni mwa uwanja wanazungumzia pigo kubwa, na Webster aliangamizwa na madogo.

Sasa nirudi nyumbani. Kabla ya kambi ya Nairobi, Mkenya Daniel Adongo alikwisha kutoka kwenye raga akachezea Indianapolis Colts mwaka 2013, bila kuwahi kucheza futiboli ya Kimarekani kabla ya hapo. Habari zake zilifika magazetini kwetu. Lakini ni wangapi wanaomjua Rees Odhiambo? Huyo ni mzaliwa wa Kenya aliyekulia Marekani, akacheza Chuo Kikuu cha Boise State, akachaguliwa na Seattle Seahawks katika raundi ya tatu mwaka 2016. Msimu wa 2017 ndiye aliyeanza kama mlinzi wa pembeni wa kushoto, mlezi wa mgongo wa kotabeki Russell Wilson, nafasi ambayo matajiri wa timu huwalipa wenye nayo kuliko karibu wote wa safu. Oktoba mwaka huo aligongwa kifuani na kulazwa hospitali. Wapenzi wa michezo wa Nairobi na Kisumu wanaoweza kukutajia akiba wa timu za Uingereza hawamjui, kwa sababu alifanya kazi isiyotazamwa.

Mvuto wa safari hiyo ni mkubwa na siubezi. Jordan Mailata alikuwa mchezaji wa raga wa Australia ambaye hajawahi kuvaa helmeti. Philadelphia Eagles wakamchukua mwaka 2018 kupitia mpango wa ligi wa wachezaji wa kimataifa, wakamgeuza kuwa mlinzi wa pembeni wa kushoto, na mwaka 2024 akasaini mkataba wa dola milioni 66 kwa miaka 3. Mwanzoni mwa 2025 alitwaa Super Bowl. Kijana wa Kakamega au wa Kampala mwenye urefu wa mita 2 akisikia hayo, atakosaje kuota? Osi Umenyiora, mwenye asili ya Nigeria, aliyetwaa Super Bowl mbili na New York Giants akicheza pembeni mwa safu ya ulinzi, ndiye mwenye bendera ya jitihada hizi barani. Anatoka kwenye safu. Anaijua kazi kwa mwili wake, na hivyo ana sauti ambayo vijana wataisikiliza.

Sisemi vijana wetu wasiende. Wanakwenda Ghuba kufanya kazi ngumu kuliko hii kwa malipo madogo zaidi, na mtu mzima ana haki ya kuuza nguvu zake. Ninalolipinga ni mtu kuuza asichokijua. Webster alijua magoti yatauma. Alijua mgongo utamsumbua, vidole vitapinda. Bei hiyo aliikubali. Hakuna aliyemwambia kwamba analipa pia kwa kumbukumbu za watoto wake, na waliopaswa kumwambia walikuwa na madaktari, maktaba na fedha.

Jina la Omalu ni kifupi cha jina la ukoo, Onyemalukwube, ambalo kwa Kiigbo maana yake ni anayejua, na aseme. Basi wanaojua waseme. Mkufunzi atakayekuja tena Nairobi na saa ya kupimia mbio aje pia na daktari wa neva, na aeleze kwa Kiswahili, mbele ya wazazi, CTE ni nini. Ligi iwawekee vijana wa kigeni bima ya kutibiwa ubongo hata baada ya mkataba kuisha, kwa kuwa wengi wao wataachwa kabla ya kucheza mchezo hata mmoja wa msimu, huku wakiwa wamegongwa mazoezini miaka miwili au mitatu. Vyama vyetu vya raga, vinakotafutwa vijana hawa, vidai kumbukumbu za kila pigo la kichwa na vizitunze. Na wewe mzazi, kabla hujatia saini, uliza nani atamtunza mwanao akianza kusahau njia ya nyumbani akiwa na miaka 45, na ulitake jibu hilo kwa maandishi. Hadi leo hakuna kipimo cha uhakika cha kuitambua CTE kwa mtu aliye hai.